Mcheza Mpira Aliyekuwa Orfeu

Breno Mello alizaliwa tarehe 7 Septemba 1931, siku ambayo Wabrazili huadhimisha uhuru wao. Alizaliwa Porto Alegre, mji mkuu wa Rio Grande do Sul, jimbo la kusini kabisa linalopakana na Uruguay na Argentina. Ni jimbo la ng'ombe na farasi, na katika karne ya 19 lilipokea wahamiaji wengi wa Kijerumani na Kiitaliano, hata likajulikana nchini kote kama jimbo la watu weupe. Lakini watu weusi wamekuwako huko tangu zama za utumwa, wakitumikishwa kwenye machinjio makubwa ya kukausha nyama, na utumwa wenyewe ulikomeshwa mwaka 1888 tu. Breno alipozaliwa, mjini mwake walikuwapo wazee waliozaliwa watumwa.

Vijana weusi wa Porto Alegre waliupenda mpira wa miguu, ila mpira haukuwapenda wote. Klabu mbili ndizo zilizotawala mji, Grêmio na Internacional. Mwanzoni mwa karne ya 20, wachezaji weusi walipofungiwa nje ya ligi ya wenye mji, waliunda ligi yao wenyewe, nayo ikabandikwa jina la kejeli, Liga da Canela Preta, yaani ligi ya miundi myeusi. Internacional walilegea mapema. Grêmio walingoja hadi mwaka 1952, walipomsajili winga mashuhuri Tesourinha, ndipo marufuku ikaondoka rasmi. Breno alikuwa anakaribia miaka 21.

Timu iliyompa jina ni Renner, klabu ya kiwanda cha nguo. Mwaka 1954 Renner walitwaa ubingwa wa jimbo bila kupoteza hata mechi moja, wakiwapiku vigogo wote wawili. Watu wa kusini wanakumbuka kikosi kile hadi leo, maana baada yake ilibidi kusubiri hadi mwaka 1998 ndipo klabu nyingine nje ya Grêmio na Internacional ilipobeba kombe lile. Langoni alikuwa Valdir de Moraes, ambaye baadaye alikuwa kipa wa Palmeiras. Alikuwamo Ênio Andrade, aliyekuja kuwa kocha na kutwaa ubingwa wa Brazili akiwa na klabu tatu tofauti. Na alikuwamo Breno. Klabu yenyewe haikudumu. Kabla ya miaka ya 1950 kwisha ilikuwa imevunjwa. Breno naye aliondoka kusini, na huko Rio de Janeiro akavaa jezi ya Fluminense.

Kama hadithi ingeishia hapo, angekuwa mmoja wa mamia ya wachezaji ambao majina yao yamo katika vitabu vya kumbukumbu za klabu na kwingineko hayamo. Kilichombadilishia maisha kilianza kupikwa muda mrefu kabla hajafika Rio, tena na watu wasiomjua.

Mapema katika miaka ya 1940, mshairi na mwanadiplomasia Vinicius de Moraes alikuwa akisoma hadithi ya Kigiriki ya Orfeu, mwanamuziki aliyemfuata mkewe Eurídice hadi kuzimu, huku ngoma za samba zikimfikia kutoka mlimani. Akaona kwamba Mgiriki yule angeweza kuishi katika favela, mtaa wa maskini wa mlimani mjini Rio. Kuiandika tamthilia kulimchukua miaka mingi. Orfeu da Conceição ilipanda jukwaani tarehe 25 Septemba 1956 katika Theatro Municipal, jumba lenye fahari kuliko yote mjini. Antônio Carlos Jobim alitunga muziki, Oscar Niemeyer akabuni mandhari ya jukwaa, na waigizaji wote walikuwa weusi.

Hili la mwisho halikuja lenyewe. Mwaka 1944 Abdias do Nascimento alikuwa ameanzisha Teatro Experimental do Negro, kundi la waigizaji weusi lililowafundisha wafanyakazi wa majumbani na wa viwandani, wengine kuanzia kusoma na kuandika, ili wapande jukwaani kama wasanii kamili. Mwaka 1945 kundi hilo lilikuwa tayari limecheza katika jumba lile lile la Municipal. Abdias mwenyewe alikuwamo katika Orfeu da Conceição, na Léa Garcia pia. Nafasi ya Orfeu aliicheza Haroldo Costa. Kwa hiyo Breno alipofikiwa na bahati, kulikuwa tayari na kizazi kizima cha waigizaji weusi waliosoma kazi yao na kuitolea jasho kwa zaidi ya miaka 10.

Mtayarishaji wa filamu Mfaransa, Sacha Gordine, alinunua hadithi ya Vinicius na kumkabidhi mwongozaji Marcel Camus. Camus alikuwa na filamu moja ndefu tu mkononi, kuhusu vita vya Indochina. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia aliwahi kuwa mfungwa mikononi mwa Wajerumani. Fedha alizokuja nazo Brazili hazikuwa nyingi, na alikusudia kutumia nyuso mpya. Inasimuliwa kwamba alimwona Breno akitembea barabarani mjini Rio, akamsimamisha na kumuuliza kama angependa kuigiza katika filamu. Breno hakuwahi kuigiza. Alikuwa mrefu, ana uso uliotulia, na alitembea kama wanavyotembea watu wanaoishi kwa miguu yao. Mwaka ule wa 1958 Brazili ilitwaa Kombe la Dunia kwa mara ya kwanza, huko Sweden, na kijana Pelé mwenye miaka 17 akafunga mabao mawili katika fainali. Mwili wa mcheza mpira mweusi ulikuwa umekuwa sura ya nchi nzima mbele ya dunia. Siamini kwamba Camus hakuliona hilo.

Kwa nafasi ya Eurídice alichukuliwa Marpessa Dawn, mcheza dansi Mmarekani aliyezaliwa karibu na Pittsburgh na kuhamia Ulaya. Léa Garcia alipewa Serafina, binamu mcheshi wa Eurídice. Na nafasi ya Kifo alipewa Ademar Ferreira da Silva, bingwa wa Olimpiki wa kuruka miruko mitatu, Helsinki 1952 na Melbourne 1956. Mwanariadha mkubwa kuliko wote wa Brazili wa zama zake alivishwa vazi la mifupa na barakoa, uso wake usionekane. Ukiwatazama Breno na Ademar wakikabiliana, unatazama wanamichezo wawili wa ngazi ya juu, na hiyo ni sababu mojawapo ya makabiliano yale kuwa na uzito usiofanana na makabiliano ya waigizaji.

Sehemu ya filamu ilipigwa katika Morro da Babilônia, mlima ulio juu ya mtaa wa Leme, ambako ukisimama unaiona bahari na mwamba wa Pão de Açúcar. Orfeu wa Breno ni dereva wa tramu. Amemchumbia Mira, msichana mwenye wivu na sauti kubwa, na siku ya kwanza ya hadithi anakwenda kukomboa gitaa lake alilokuwa ameliweka rehani. Watoto wa mlimani wanaamini kwamba gitaa hilo ndilo linalolichomoza jua kila asubuhi. Eurídice anafika kutoka mashambani akimkimbia mtu anayetaka kumuua, akiwa abiria wa tramu ya Orfeu. Usiku wa kanivali Kifo kinamfuata hadi kwenye karakana ya tramu. Eurídice anajificha gizani, ananing'inia kwenye waya wa umeme. Orfeu, akimtafuta, anavuta swichi ili apate mwanga, na umeme unamuua Eurídice kwa mkono wa mpenzi wake.

Hapo ndipo mchezaji wa Fluminense anapoonyesha alichonacho. Kabla ya hapo amekuwa mtu wa tabasamu na mabega, anayecheza, anayetaniana, na mara kwa mara maneno yake yanatoka kama ya mtu anayeyakariri. Baada ya umeme ule anaongea kidogo sana. Anaingia ofisi ya watu waliopotea, anakuta mafaili marefu hadi darini na mfagiaji anayemwambia kwamba humo hamna watu ila karatasi. Anashuka ngazi za mzunguko hadi kwenye nyumba ya ibada ya Umbanda, dini ya Brazili ambamo mizimu ya Kiafrika na watakatifu wa Kikatoliki wanaitwa pamoja. Kupitia kinywa cha bibi mmoja anaisikia sauti ya Eurídice ikimwonya asigeuke nyuma. Anageuka. Kisha anamchukua mpenzi wake mochwari, anapanda naye mlima alfajiri, mikononi, hatua kwa hatua. Mwigizaji aliyesomea kazi angeweza kutuonyesha huzuni kwa uso. Breno anatuonyesha uzito. Unaona magoti yakifanya kazi, unaona mtu anayejua kubeba mwili wake na wa mwenzake kwenye mteremko. Kwangu mimi, dakika zile zinatosha kumweka miongoni mwa waigizaji wa kukumbukwa.

Sauti ya kuimba haikuwa yake. Orfeu anapoimba, anayesikika ni Agostinho dos Santos, na Eurídice anaimbiwa na Elizeth Cardoso. Gordine alitaka nyimbo mpya ili haki zake ziwe mikononi mwake, kwa hiyo nyimbo za tamthilia ziliwekwa kando. Jobim na Vinicius wakatoa A Felicidade, na Luiz Bonfá akatunga Manhã de Carnaval, wimbo ambao tangu hapo umepigwa na wapiga gitaa wa kila bara. Mamilioni ya watu waliomwona Breno Mello akifumbua kinywa walimsikia mtu mwingine. Agostinho naye alisikika bila kuonekana. Wanaume wawili weusi waligawana umaarufu mmoja, na haukumtosha yeyote.

Mwezi Mei 1959 filamu hiyo, iliyopewa jina Orfeu Negro, ilitwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, katika mwaka ambao mwongozaji François Truffaut alikuwapo pale na filamu yake ya kwanza ndefu. Mwezi Aprili 1960 ikapata Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Imechezwa Rio, inazungumza Kireno, imetokana na tamthilia ya Mbrazili. Oscar iliandikwa kwa jina la Ufaransa.

Nchini Brazili wengi hawakushangilia. Vinicius hakuipenda kabisa filamu ile, aliona imempotezea mtu wake. Miaka mingi baadaye mwanamuziki Caetano Veloso aliandika jinsi yeye na watazamaji wenzake walivyocheka na kuona aibu ndani ya jumba la sinema, kwa sababu Rio waliyoonyeshwa ilikuwa ya mgeni, kila mtu anacheza samba kutoka asubuhi hadi usiku, hakuna anayelipa kodi ya nyumba. Hata Ufaransa kwenyewe mwongozaji Jean-Luc Godard aliishambulia kwa hoja inayofanana na hiyo. Lawama zile zilikuwa na haki. Favela ile haina njaa wala polisi, na umaskini wake umepakwa rangi za kupendeza macho ya Ulaya.

Kisa hiki kina uzi mmoja unaofika Kenya. Mwaka 1959, msichana Mmarekani mwenye miaka 16 aitwaye Ann Dunham alikuwa Chicago akifanya kazi ya kulea watoto, akaingia sinema kutazama filamu ya kigeni kwa mara ya kwanza maishani. Ilikuwa Orfeu Negro. Aliona haijapata kutengenezwa nyingine nzuri kama hiyo. Mwaka uliofuata, chuoni Hawaii, alikutana na mwanafunzi kutoka Nyanza, Barack Obama, wakaoana. Mwana wao, aliyepewa jina hilo hilo la Barack Obama, ameeleza katika kitabu chake cha mwaka 1995, Dreams from My Father, jinsi mama yake alivyompeleka kuitazama filamu hiyo New York alipokuwa mwanafunzi. Katikati ya filamu alitaka kuondoka, akiona weusi wale wamechorwa kama watoto wasiojua dhiki. Alipogeuka kumtazama mama yake, akauona uso wa msichana wa zamani, akaelewa ni ndoto gani iliyomvutia kwa baba yake. Tarehe 20 Machi 2011, akiwa rais wa Marekani, Obama alihutubia ndani ya Theatro Municipal la Rio, akaitaja filamu ile na tamthilia iliyoizaa katika jumba lile lile. Uso ulioijaza ndoto ya mama yake ulikuwa wa Breno Mello, aliyekuwa ameshafariki karibu miaka mitatu kabla.

Basi Breno alifanya nini baada ya Oscar? Kidogo mno. Mwaka 1963 alionekana katika Os Vencidos, mwaka 1964 katika O Santo Módico. Ikapita karibu miaka 10. Mwaka 1973 alirudi kwao kusini katika O Negrinho do Pastoreio, filamu ya Antônio Augusto Fagundes iliyotokana na hekaya ya Rio Grande do Sul: mtoto mtumwa anapoteza farasi wa bwana wake, anachapwa na kutupwa juu ya kichuguu aliwe na sisimizi, na Bikira Maria anamwokoa, hadi leo watu wa huko humwashia mshumaa wanapopoteza kitu. Nyota wa filamu hiyo alikuwa Grande Otelo, mchekeshaji mkubwa. Mwaka 1988 Breno alipata nafasi katika Prisoner of Rio, filamu kuhusu Ronnie Biggs, mwizi wa treni wa Uingereza aliyekimbilia Brazili. Mwanamume aliyeibeba filamu iliyoshinda Cannes na Hollywood hakuwahi tena kupewa filamu ya uzito ule.

Ni rahisi kusema kwamba hakuwa mwigizaji, alikuwa mpita njia aliyeokotwa. Maelezo hayo hayanitoshi. Tazama nafasi zilizokuwapo. Katika vichekesho vya muziki vilivyojaza majumba ya sinema ya Brazili hadi mwisho wa miaka ya 1950, mtu mweusi alikuwa mchekeshaji au mtumishi. Eliezer Gomes alitikisa nchi mwaka 1962 katika Assalto ao Trem Pagador akiwa jambazi Tião Medonho. Runinga ilikuwa mbaya zaidi. Mwaka 1969 TV Globo ilitengeneza tamthilia ya A Cabana do Pai Tomás, ambayo mhusika wake mkuu ni mtumwa mweusi, ikampa nafasi hiyo Sérgio Cardoso, mzungu, akapakwa rangi nyeusi. Ruth de Souza, mwigizaji mweusi aliyekwisha kushindania tuzo Venice mwaka 1954, alikuwamo humo humo akicheza karibu naye. Mwandishi Plínio Marcos alipinga hadharani. Ikiwa kazi ya mtumwa mweusi ilipewa mzungu, mpenzi mweusi mwenye gitaa angepewa kazi gani?

Kulikuwa na mlango mwingine, Cinema Novo, kundi la waongozaji vijana waliotaka kuionyesha Brazili ya kweli. Hao waliwapa watu weusi nafasi nzito. Antonio Pitanga katika Barravento ya Glauber Rocha ni mfano bora. Lakini ni wao hao walioiona Orfeu Negro kuwa uongo wa kitalii, na nadhani Breno alibeba doa la filamu ambayo hakuiandika wala hakuiongoza. Wapenda uzuri wa Ulaya walimtaka kwa filamu moja, wapenda ukweli wa nyumbani hawakumtaka kwa sababu ya filamu hiyo.

Wenzake walitawanyika. Agostinho dos Santos aliimba Carnegie Hall mwaka 1962 katika usiku maarufu wa muziki wa bossa nova, na tarehe 11 Julai 1973 akafariki katika ajali ya ndege ya Varig karibu na uwanja wa Orly, Paris. Marcel Camus alifariki mwaka 1982. Léa Garcia ndiye aliyeishinda nchi yake kwa subira: akawa Rosa katika Escrava Isaura mwaka 1976, tamthilia ya runinga iliyouzwa duniani kote, akaendelea kufanya kazi hadi uzeeni. Alifariki tarehe 15 Agosti 2023 akiwa na miaka 90, mjini Gramado, katika jimbo alikozaliwa Breno, alikokwenda kupokea tuzo ya heshima ya tamasha la filamu.

Breno mwenyewe aliishia kule kule alikoanzia. Filamu haikumtajirisha. Mwaka 2005 Wafaransa wawili, René Letzgus na Bernard Tournois, walitoa dokumentari iliyofuata nyayo za Orfeu Negro, na mcheza mpira wa zamani akaonekana tena kwenye skrini, mzee. Alifariki Porto Alegre mwezi Julai 2008, akiwa na miaka 76. Tarehe 25 Agosti mwaka huo huo Marpessa Dawn alifariki Paris. Orfeu na Eurídice walipishana kwa muda wa wiki sita hivi.

Mwezi Machi 2025, Ainda Estou Aqui ya Walter Salles ikawa filamu ya kwanza kuipa Brazili tuzo ya Oscar. Ile ya mwaka 1960 imebaki katika hesabu ya Ufaransa. Ukibahatika kuipata Orfeu Negro, itazame pamoja na kasoro zake zote, na majina yanapopita usilitafute la Camus peke yake: msome Breno Mello aliyetembea, na umtafute Agostinho dos Santos aliyeimba.